Duka la muvi la Majengo, Mombasa, lenye folda ya Kerala: nlienda kugombana, nikarudi na flashi imejaa

Nianze na ukweli, mara ya pili nlipokwenda hili duka nlikwenda kugombana.

Mara ya kwanza nlikuwa napita tu, natoka sokoni na kikapu changu, nikaona kimlango kimeandikwa MUVI NA SIRIZI kwa rangi ya mafuta, nikakumbuka dadangu kanisumbua wiki nzima nimtafutie Drishyam, ile ya Ajay Devgn. Nikampa kijana flashi na shilingi 20, dakika tatu kashamaliza, nikaenda zangu. Usiku sasa, sufuria ya chai iko hapo, viazi karai viko hapo, mama kashatandika mkeka, tunawasha tunaona baba mwengine kabisa, wa makamo, ana kitambi chake, kafunga shuka, anaongea haraka haraka lugha ambayo hata dadangu anojifanya Kihindi kwake ni maji ya kunywa hakuambulia neno. Ajay Devgn hayupo na wala hakuja mpaka mwisho.

Tulianza kuitazama kwa hasira, tunacheka cheka, halafu sijui hasira ilipotelea wapi, nlikuja kushtuka saa saba za usiku chai imefanya utando na viazi hakuna alogusa. Lakini kesho yake nikaenda kugombana vilevile, maanake shilingi 20 ni shilingi 20, mtu hawezi kukuuzia papa akakwambia nguru.

Kijana hakubishana. Alinsikiza mpaka nikamaliza, akasema, "Dada, hiyo unoitaka weye ndio kopi. Nlokupa mimi ndio mama yake."

Ndio akanifungulia darasa pale pale mlangoni. Drishyam ya kwanza ilitoka 2013, dairekta Jeethu Joseph, na yule baba wa kitambi ni Mohanlal, ambaye kule Kerala, jimbo la kusini mwa India lenye lugha yake Kimalayalam, ni mtu mzito tangu miaka ya themanini. Ya Kihindi ilikuja 2015, na si Wahindi wa Bombay peke yao, Watamil waliichukua, Watelugu, Wakannada, mpaka Sri Lanka na Uchina. Akaniuliza, Hera Pheri waipenda? Nani asoipenda! Akasema ile ya 2000 imetolewa kwa Ramji Rao Speaking ya 1989. Na Bhool Bhulaiyaa ya 2007? Hiyo mama yake yuaitwa Manichitrathazhu, ya 1993. Hapo nikavuta benchi nikakaa. Yaani sisi watu wa Mombasa twajigamba twazijua filamu za Kihindi, wazee wetu wamezipangia foleni Regal na Naaz na Majestic mpaka nyimbo wanazo kichwani, kumbe muda wote twasifu pilau na hatujui limepikwa jikoni kwa nani.

Kwa hivo hii ndio riviu yangu, baada ya kwenda kama mara kumi hivi. Itakuwa ndefu, mniwie radhi.

Duka lenyewe ni kijichumba, watu wawili wakiingia wa tatu asimame nje. Kuna feni ya ukutani shingo yake imekwama inampepea yeye tu, wewe mteja utajijua. Kompyuta ni ile ya zamani ya kisanduku, lakini hadidiski anazo nne zimepangwa kama vitabu vya madrasa, na ndani ya moja kuna folda kaiandika kwa herufi kubwa KERALA SIO HINDI. Ati aliandika hivo kwa sababu watu walikuwa wakimrudishia kama nlivomrudishia mimi. Filamu moja 20, ukichukua sita soo, yaani mia, sirizi 50 kwa sizoni. Hafungui kabla ya saa nne asubuhi, adhuhuri anafunga kwa swala, Ijumaa usimsumbue mpaka saa nane.

Na mnoanza kunyoosha kidole, najua, hii biashara ya kujaza flashi na haki za wenye filamu haziko sawa, naye ajua, mara nyengine atakwambia mwenyewe hii iko kwenye yale majukwaa ya kulipia mwezi, kama wayo, itazame huko picha ni safi zaidi. Mimi sina bando la kutazama muvi ya masaa matatu. Tuendelee.

Kilichonifanya nirudi si bei, maduka ya bei hiyo yamejaa kila mtaa. Ni kwamba huyu azijua filamu zake. Alifanya kazi Doha miaka kadhaa, chumba kimoja vitanda viwili viwili juu kwa juu na vijana wa Kerala, na wale kila Alhamisi usiku walikuwa wakitazama filamu za kwao kwenye laptopu moja imewekwa juu ya friji, mwanzo akawa hana budi, mwisho akawa yeye ndio anowauliza leo tunatazama nini. Lugha alokuja nayo ni ya kuombea maji na kutukanana, lakini wateja wake wa kike sote atuita "chechi", yaani dada mkubwa. Hata bibi wa miaka 70 ni chechi. Ukimwambia nataka kitu kizuri hakupi cha juu juu, atakuuliza unatazama na nani. Na mama? Na mume? Na watoto wamo? Ndio achague. Mimi daktari hajaniuliza maswali hayo.

Sasa kwa nini Kerala. Ukitaka kujua ni wapi, toka hapa na jahazi wakati wa kusi, upepo wenyewe utakupeleka. Ndio njia alopita yule Mreno, Vasco da Gama, 1498, alipoona Mombasa hapakaliki akakimbilia Malindi, huko akapewa rubani, rubani akamfikisha pwani ya Calicut ambayo leo yaitwa Kozhikode, na huko ni Kerala. Sasa wewe ukae utazame filamu zao, utaona mbuzi ya kukunia nazi, mtu kaikalia vilevile anavokaa mamangu. Utaona muhogo wa kuchemsha na mchuzi wa samaki mwekundu wa pilipili. Wanaume wamefunga mashuka, wakitaka kugombana wanayakunja mpaka magotini kwanza. Mvua inanyesha siku tatu na kuta zina ukungu. Msikiti, kanisa na hekalu ziko mtaa mmoja, na robo na zaidi ya watu kule ni Waislamu, wale wa Malabar waitwa Mappila, ambao zamani waliandika Kimalayalam chao kwa herufi za Kiarabu kama vile bibi zetu walivoandika tenzi. Mama alipotazama ya pili akasema, "Hawa si Wahindi, hawa ni watu wa pwani." Akaendelea kuchambua mchele wake.

Na hapo ndipo ninapotaka kufika. Filamu za Bombay, nazipenda, simkani mama alonlea, lakini zile ni za kuota. Mtu maskini ana nyumba kubwa kuliko ya mbunge, wakipendana mara washafika kwenye theluji mwanamke kavaa sari ya kitambaa chepesi hasikii baridi. Hizi za Kerala, zile nzuri zake kwa sababu takataka pia zipo na nshalipia 20 zangu kwa takataka, zinakaa mahali. Kama ni kijiji fulani basi ni hicho hicho, na lafudhi yake, na vile wanavozika, na vile wanavosengenyana. Staringi anapigwa. Staringi anadaiwa. Kijana wa duka anasema wale watu wamesoma, sensa ya 2011 iliwaweka karibu asilimia 94 wanojua kusoma na kuandika, hakuna jimbo lililowashinda India nzima, maktaba zimejaa mpaka vijijini, na siasa wanazila asubuhi mpaka jioni tangu walipochagua serikali ya kikomunisti kwa kura 1957. Kwa hivo ukiwaletea stori haina kichwa wala miguu hawakuachi.

Nikupe mfano wa ile ya jikoni maana ndio ilotutia maneno nyumbani.

The Great Indian Kitchen, 2021, dairekta Jeo Baby. Mwari kaolewa nyumba ya heshima, mume mwalimu, baba mkwe mpole, hakuna anompiga, hakuna anomtukana. Hata jina hawakumpa ndani ya filamu, wala mume hana. Kazi yako wewe mtazamaji ni kukaa jikoni naye. Kata, kaanga, saga, tumikia, wanaume wale watemee mifupa mezani pembeni ya sahani, wewe uje ufute, halafu ukae kula kwenye uchafu wao. Baba mkwe akitabasamu amwambia mwanangu, wali usipike kwa kuka, upike kwa moto wa kuni. Chatne usisage kwa mashine, saga kwa jiwe. Nguo zangu usizitie kwenye mashine, zitaharibika. Yote kwa upole! Na chini ya sinki kuna paipu inavuja, maji machafu ya kunuka, kaweka ndoo, kila asubuhi amwambia mume niitie fundi, mume anasema oo nimesahau. Ile paipu inavuja filamu nzima.

Mimi nlikuwa namtafsiria mama maandishi ya chini, lakini baada ya nusu saa akanambia nyamaza, naelewa. Khalati yangu alokuwa amekuja kututembelea, na ndoa yake ni ya miaka 30, alitazama mpaka pale mwari alipowamwagia wale wanaume maji ya sinki usoni, akainuka, akavaa buibui, akasema yuaenda nyumbani. Sijui alikwenda kusema nini huko. Ninachojua ni kwamba kesho yake asubuhi baba aliingia jikoni kwetu na spana, hajaambiwa na mtu, akajilaza chini ya sinki akafunga ile paipu yetu ilokuwa imefungwa na kamba ya mpira tangu Idi ya mwaka jana. Hakusema kitu. Na yeye filamu hakuitazama, alikuwa barazani na wenzake, lakini dirisha lilikuwa wazi.

Kule kwao iliwasha moto zaidi, maana inaingia mpaka mambo ya mwanamke akiwa kwenye siku zake kutengwa, na hekalu la Sabarimala ambalo 2018 mahakama ya juu kabisa ya India ilisema wanawake wa umri wote waruhusiwe na watu wakaingia barabarani kupinga. Majukwaa makubwa mwanzo hayakuitaka, ikatoka kwenye kajukwaa kadogo ka huko huko, watu wakaifuata.

Ukimwambia kijana wataka nyengine ya wanaume wa aina hiyo lakini ya kuchekesha kidogo atakupa Kumbalangi Nights, ya 2019. Ndugu wanne kwenye nyumba haina hata mlango, kisiwani karibu na Kochi, wanapigana kama paka. Lakini mtu wa kumtazama ni shemeji wa watu, Shammi, Fahadh Faasil kamcheza. Kuna pahala yuko mbele ya kioo cha bafu anajipendezesha masharubu, anaona kile kidoti cha kike cha kwenye kipaji mtu kakibandika kiooni, anachukua wembe anakikwangua pole pole kinatoka. Basi. Hakuna alopigwa, hakuna muziki wa kutisha, mimi nywele zikanisimama. Mtu huyo mtaani kwetu yuko, mkarimu sana, anasalimia kila mtu, na mkewe humwoni dirishani.

Sasa Gulf. Hapa ndipo mtu wa Mombasa hahitaji kutafsiriwa chochote.

Kerala imejengwa na pesa za Arabuni, tangu mafuta yalipopanda bei miaka ya sabini, nyumba nyingi zina mtu huko. Na filamu zao zinawafuata. Ipo Pathemari, ya 2015, na neno lenyewe maana yake jahazi, ni ya watu walovuka miaka ya sitini kwa kujificha jahazini wakaenda kutafuta maisha, na Mammootty, jina lake la kuzaliwa Muhammad Kutty, kacheza mmoja wao, anazeeka huko anatuma pesa, akija nyumbani ni kama mgeni. Halafu ipo hii ya 2024, Aadujeevitham, maana yake maisha ya mbuzi, dairekta Blessy, kutoka kwa kitabu cha Benyamin, na kitabu kimetokana na mtu wa kweli anoitwa Najeeb. Kaenda Saudia aambiwa ana kazi, anafika uwanja wa ndege hajui Kiarabu hata neno, anachukuliwa na mtu si kafili wake, yaani mwajiri alomdhamini, anatupwa jangwani kuchunga mbuzi, hana pasi, hana simu, hana maji ya kuoga. Prithviraj, huyo alomcheza, alijikondesha mpaka mbavu unazihesabu. Na njia ya kutoka jangwani wanaonyeshwa na Mwafrika, Ibrahim Khadiri, ambaye mimi nlimpenda kuliko staringi.

Hii kijana alinikataza kuichukua. Aliniuliza, nyumbani mna mtu Saudia? Nikamwambia binamu yangu, wa kike, kazi za nyumbani. Akasema basi tazama peke yako kwanza. Sikumsikiza. Tulipofika pale Najeeb anajaribu kukumbuka ladha ya achari ya kwao mama aliomba tuzime, tukazima, akachukua simu akampigia mtoto wa dadake saa tano za usiku, huko pia ni saa tano, hakupokea, tukakaa na tivii nyeusi mbele yetu mpaka binti alipopiga mwenyewe kama saa sita na nusu, alikuwa anaosha vyombo vya wageni. Filamu tuliimaliza wiki ya pili yake. Ni nzuri, inakaribia masaa matatu, lakini msimpe mtu bila kumuuliza kwanza. Kijana alikuwa na haki.

Ya kujipoza roho baada ya hapo ni Sudani from Nigeria, ya 2018, dairekta Zakariya Mohammed. Malappuram, wilaya ya Kerala yenye Waislamu wengi, wana wazimu wa mpira wa watu saba kila upande, na matimu huajiri wachezaji kutoka Afrika. Samuel ni Mnigeria, lakini pale wote waitwa "Sudani", ukiwa mweusi weye ni Sudani yakaisha. Anaumia, hana pa kwenda, meneja wake Majeed anampeleka kwao, na mama wa Majeed na jirani yake, wabibi wawili wa ushungi, wanamlea kama wamemzaa wao. Hawaelewani lugha hata moja. Wanamlisha, wanamuombea dua, wanamsemesha Kimalayalam kwa sauti kubwa wakidhani kelele ndio tafsiri. Nlicheka mpaka mbavu, maana nyanyangu alikuwa hivo hivo na watalii.

Lakini nikacheka pia vibaya. Kwa sababu sisi je? Mtu yeyote mwenye nywele laini pale Biashara Street ni Mhindi, kama si Mhindi ni Banyani, na ukimwambia mtu kuna Mgujarati, kuna Mpunjabi, kuna Mgoa, kuna wa Kerala asojua Kihindi kabisa, atakwambia wote si ni wale wale. Sudani zetu hizo. Na kwa taarifa tu, yule alomcheza Samuel, naye jina lake Samuel Robinson, filamu ilipokwisha alitoka hadharani akasema kalipwa kidogo kuliko wenzake kwa sababu ya rangi yake, baadaye akasema wameongea na wameelewana. Kwa hivo filamu ya kupenda wageni nayo ilikuwa na maneno yake nyuma ya pazia.

Na hayo ya nyuma ya pazia yako mengi. Filamu ya kwanza kabisa ya Kimalayalam, Vigathakumaran, ya kimya bado, ya J.C. Daniel, msichana alocheza alikuwa P.K. Rosy, wa tabaka la chini, wale wanoitwa Dalit, akacheza mwanamke wa tabaka la juu. Watu wa juu walichachamaa, wakamwandama mpaka akakimbia mji, na hakuonekana tena kwenye filamu. Kama miaka mia imepita, na 2024 mwezi wa nane serikali ya Kerala ikatoa ripoti ya kamati ya jaji Hema, juu ya vile wanawake wanavosumbuliwa kwenye hiyo hiyo kazi ya filamu, ripoti ilokuwa imekabidhiwa tangu 2019 ikakaliwa. Chama cha waigizaji uongozi wake mzima ukajiuzulu, na mwenyekiti alikuwa nani? Mohanlal. Yule baba yangu wa kitambi. Nlipomuuliza kijana akanambia, chechi, wale wanaojua kupika vizuri si lazima jikoni kwao kuwe kusafi. Halafu akaona aibu kidogo kwa kusema hivo, akaniwekea filamu moja ya bure.

Hiyo ya bure ilikuwa Chemmeen, ya 1965, ya Ramu Kariat, kutoka kwa riwaya ya Thakazhi Sivasankara Pillai. Nimemwekea babu, mvuvi wa zamani, macho yake moja linaona. Ni stori ya wavuvi, binti wa mvuvi Mhindu na mfanyabiashara Muislamu wanapendana na haiwezekani, na wavuvi wale wana imani kwamba mume akiwa baharini roho yake iko kwa mkewe, mke akiteleza huku nchi kavu, Mama wa Bahari anamchukua mume kule. Ndio filamu ya kwanza ya kusini mwa India kupata ile medali ya dhahabu ya rais wa India. Nikamsimulia babu yote hayo kwa sauti, akatazama mashua zinavosukumwa mawimbini, akakosoa namna wanavoshika kafi, akakubali wavu wao, na kuhusu ile imani akasema, "Bahari haina habari na mke wa mtu. Bahari yataka tanga zima na mtu asolewa." Lakini hakulala. Mpaka mwisho yuko macho, na mwisho ulipofika akaomba tuirudishe nyuma kidogo, kwenye ule wimbo.

Kopi ilikuwa mbovu, niseme, picha kama imepigwa kupitia chandarua.

Na tukishafika hapo wacha niseme ubaya wa duka maana isiwe namfanyia tangazo. Kwanza maandishi ya chini. Yote ni ya Kiingereza, kwa mzee asojua Kiingereza lazima mtu akae amsomee, na mara nyengine hayaendi pamoja na mdomo, mtu kashauliwa, kashaoshwa, kashazikwa, ndio maandishi yanakuja "tafadhali usiniue." Ukimrudishia anakutengenezea, lakini si ujaribu kabla hujanipa? Halafu kuna tivii hazisomi maandishi kabisa mpaka faili la maandishi liwe na jina moja sawasawa na la filamu, hilo nimejifundisha mwenyewe baada ya kuhangaika siku mbili, kumbe yeye ajua siku zote na hasemi mpaka umuulize. Pili, zipo alizozipata zimetiwa sauti ya Kihindi juu. Zikatae. Mwite akufungulie uzisikie hapo hapo. Watu wote wanaongea kama mtangazaji mmoja wa redio, ile lafudhi ya kijijini yote imekufa, na lafudhi ndio filamu yenyewe. Tatu, flashi yangu ya kwanza ilirudi na virusi, mafaili yote yamegeuka shotikati, picha za harusi ya dadangu ndani. Aliziokoa, bila malipo, siku mbili. Lakini zile siku mbili za dadangu sitaki kuzikumbuka.

Na foleni. Jioni baada ya alasiri watoto wa shule wanamzonga wanataka katuni na mieleka, huwezi kumuuliza kitu. Enda asubuhi.

Kubwa kuliko yote ni hii. Kuna filamu yaitwa Maheshinte Prathikaaram, ya 2016, dairekta Dileesh Pothan. Mahesh ni mpiga picha wa studio ndogo huko Idukki milimani, mtu wa taratibu, filamu inaanza anaosha ndara zake kijitoni, anazisugua kama mtoto. Siku moja anaingilia ugomvi usomhusu, anapigwa mbele ya kadamnasi mpaka shuka linamtoka, na kwa aibu ile anaweka kiapo, ndara hatovaa tena mpaka amrudishie yule alompiga. Anakwenda kumtafuta, anaambiwa ashakwenda Dubai kikazi. Dubai! Basi mtu yuatembea pekupeku, mvua, kokoto, matope, anangoja adui yake amalize mkataba. Halafu anaanza kumpenda msichana, kumbe ni dadake yule adui. Tumekaa ukumbini watu saba tunashindana nini kitatokea, baba safari hii yumo, adui anarudi kutoka Dubai, na filamu ikakatika. Pap. Dakika kama 20 hazimo. Nlikumbuka siku nlipoichukua stima ilipotea katikati ya kunakili, ikarudi, kijana akachomoa flashi akanambia iko sawa, chechi.

Nimerudi mara tatu. Mara ya kwanza alisema yuaitafuta, ya pili ile hadidiski ilikuwa kwa fundi, ya tatu akataka kunisimulia mwisho kwa mdomo, nikaziba masikio nikatoka mbio. Kwa hivo nyota nne, ile ya tano ameikalia mwenyewe. Ukienda, beba flashi ya GB 32 ilo tupu, chukua zile nlizotaja, umwombe achomeke maandishi mbele yako, na kabla hujatoka muulize yule dada wa Drishyam atajua lini kama Mahesh alivaa ndara.